Namna ya Kukinga Chombo cha Angani Dhidi ya Vimondo na Takataka za Obiti

Mtu anayekabidhiwa kwa mara ya kwanza kazi ya kukinga chombo cha angani dhidi ya vitu vinavyogonga kwa kasi kubwa hukimbilia wazo la kuongeza unene wa ukuta, kama mwenye duka anayeng'oa mlango wa mbao na kuweka wa chuma. Wazo hilo hufaa pale kitu kinachogonga kinapokwenda kwa kasi ya risasi au chini yake. Angani hugharimu uzito mwingi na kulinda kidogo. Mwongozo huu unaeleza njia nyingine, ambayo wahandisi wameitumia kwa miongo mingi: kujua kwanza ni nini kitagonga na kutoka upande gani, kupanga chombo kwa mujibu wa maarifa hayo, na kutumia bati jembamba pamoja na nafasi tupu kabla ya kufikiria chuma kinene.

Anza kwa kutofautisha maadui wawili. Wa kwanza ni vimondo, yaani vumbi na vijiwe vya asili, ambavyo sehemu kubwa vimetokana na nyotamkia na huikaribia dunia kwa kasi ya kati ya kilomita 11 na 72 kwa sekunde, wastani ukiwa karibu kilomita 20. Wa pili ni takataka zilizoachwa na binadamu: mabaki ya roketi, vipande vya setilaiti zilizolipuka au kugongana, hata magamba ya rangi. Katika obiti ya chini, yaani njia za kuizunguka dunia zilizo karibu nayo, takataka hizo hukutana na chombo kwa kasi ya wastani wa takribani kilomita 10 kwa sekunde, kasi ambayo ingemtoa msafiri Mombasa na kumfikisha Nairobi chini ya dakika moja. Gololi ya alumini yenye kipenyo cha sentimita 1 ina uzito wa gramu 1.4 tu, lakini kwa kasi hiyo hubeba nishati ya takribani jouli 70,000, sawa na gari la tani moja linalokwenda kilomita 43 kwa saa. Mwaka 1983, katika safari ya STS-7, gamba dogo la rangi lilitoboa kishimo katika kioo cha dirisha la chombo Challenger, na kioo hicho kikalazimika kubadilishwa.

Kisha vigawe vitu hivyo kwa ukubwa, kwa sababu ukubwa ndio unaoamua aina ya kinga. Katika obiti ya chini, vitu vinavyozidi sentimita 10 hivi hufuatiliwa na rada za ardhini, na dawa yake ni kukwepa. Kituo cha Kimataifa cha Anga huwekewa eneo la tahadhari lenye umbo la sanduku bapa, kilomita 50 kwa 50 na kimo cha kilomita chache tu, na kitu kinapotabiriwa kupita ndani ya sanduku hilo hesabu za uwezekano hufanywa ili kuamua kama kituo kisogezwe. Vitu visivyofika sentimita 1 hivi vinaweza kuzuiwa kwa ngao iliyobuniwa vizuri. Vilivyo katikati ni vikubwa mno kwa ngao na vidogo mno kwa rada nyingi, na mbuni mkweli hukiri mapema kwamba dhidi ya hivyo anapunguza madhara tu, hayaondoi. Shirika la Anga la Ulaya, ESA, linakadiria kwamba vipande vinavyozidi sentimita 1 vinavyoizunguka dunia vinapita milioni moja, na vile vya kati ya milimita 1 na sentimita 1 vinapita milioni mia moja.

Uamuzi wa kwanza wa kinga, na ulio rahisi kuliko yote kwa gharama, ni wa obiti. Mwinuko wa kilomita 750 hadi 1,000 umejaa takataka kuliko mingine. Hapo ndipo China ilipoivunja setilaiti yake Fengyun-1C kwa kombora tarehe 11 Januari 2007 na kuacha zaidi ya vipande 3,000 vinavyofuatiliwa, na hapo ndipo setilaiti za Iridium 33 na Kosmos 2251 zilipogongana tarehe 10 Februari 2009, katika mwinuko wa karibu kilomita 790. Kwenye kilomita 400 hewa nyepesi iliyobaki huvuta vipande chini na kukisafisha kiwango hicho polepole, ilhali kwenye kilomita 800 kipande kinaweza kukaa makumi ya miaka au zaidi. Kama kazi ya chombo chako inaweza kufanyika kilomita 500 badala ya 800, umepata ngao isiyo na uzito hata gramu moja.

Obiti ikishachaguliwa, tumia mifano ya kihesabu ya mazingira: MASTER ya ESA au ORDEM ya NASA kwa takataka, na MEM ya NASA kwa vimondo. Mifano hii hukupa idadi ya vipande vinavyopita katika kila mita ya mraba kwa mwaka, kwa kila ukubwa, kasi na upande. Usisahau kuuliza habari za msongamano, yaani uzito kwa ujazo, kwani kipande cha chuma cha pua ni kizito karibu mara tatu ya cha alumini chenye ukubwa uleule, na ngao inayomzuia mmoja inaweza kutobolewa na mwenzake.

Swali la upande linastahili kukaliwa kitako. Takataka nyingi huzunguka katika obiti zinazokaribia kuwa duara, na kwa hiyo hukigonga chombo zaidi mbele na kwenye mbavu, mara chache sana juu au chini. Vimondo huja kutoka pande zote za anga, isipokuwa upande ambao dunia yenyewe inauziba, ingawa mwendo wa chombo hufanya uso wa mbele upate vingi zaidi, kama mwendesha pikipiki anavyolowa kifua katika mvua. Nyuso salama kuliko zote ni wa nyuma na ule unaoielekea dunia. Vyombo vya shuttle vya Marekani vilitumia jambo hili kwa kuruka mara nyingi mkia ukiwa mbele na ghala lake likiielekea dunia, ili madirisha na vipoza-joto visikae katika njia ya hatari. Mfano ulio safi zaidi ni chombo cha ESA kiitwacho Giotto, kilichopita karibu na nyotamkia ya Halley tarehe 14 Machi 1986, kwa umbali wa takribani kilomita 600 na kasi ya kilomita 68 kwa sekunde. Kwa kuwa vumbi lote lingetoka upande mmoja unaojulikana, ngao iliwekwa upande huo pekee: bati la alumini la milimita 1, nafasi tupu ya takribani sentimita 25, kisha ukuta wa Kevlar, kitambaa cha nyuzi imara sana, wa milimita 12. Chombo kilipigwa, kikayumba, kamera yake ikaharibika, lakini kiliendelea kuishi na miaka sita baadaye kikatembelea nyotamkia nyingine, Grigg-Skjellerup. Darubini ya James Webb haina ngao mbele ya vioo vyake, wala haiwezi kuwa nayo. Baada ya kimoja cha vioo hivyo kugongwa Mei 2022 kwa nguvu kuliko ilivyotarajiwa, wasimamizi wake waliamua kupunguza muda ambao darubini huelekezwa upande inakokwenda.

Baada ya hapo hesabu lengo. Wastani wa idadi ya mipigo yenye kudhuru, ambao tuuite N, ni idadi ya vipande kwa mita ya mraba kwa mwaka, mara eneo lililo wazi, mara miaka ya kazi. Uwezekano wa kutotobolewa hata mara moja ni namba e (takribani 2.718) ikiinuliwa kwa kipeo cha hasi N. Kwa mfano wa kubuni, kama vipande vyenye uwezo wa kutoboa ukuta wako ni 0.0002 kwa mita ya mraba kwa mwaka, chombo chenye mita za mraba 20 kinachofanya kazi miaka 10 kina N ya 0.04, na uwezekano wa kusalimika ni asilimia 96. Kama mradi unadai asilimia 99, N lazima ishuke hadi 0.01, yaani robo. Fanya hesabu hii kwa kila sehemu peke yake, kwa sababu karibu kila mara utakuta kwamba sehemu mbili au tatu ndizo zinazobeba hatari yote, na uzito wa ngao upelekwe huko. Kuugawa uzito kwa usawa juu ya chombo kizima ni kosa la kawaida la wanaoanza.

Kabla ya kuongeza chochote, panga upya vilivyomo. Tangi la gesi lenye mgandamizo mkubwa lisikae mbele. Kompyuta kuu na ya akiba zisipangwe bega kwa bega, na nyaya za mfumo mkuu na wa akiba zipitishwe njia mbili zilizoachana. Kifaa ambacho kuharibika kwake hakuui safari kinaweza kuwekwa nje kiwe ngao ya kile ambacho kuharibika kwake kunaua.

Sasa tufike kwenye ngao yenyewe. Katikati ya miaka ya 1940, kabla ya setilaiti yoyote kurushwa, mwanafalaki Mmarekani Fred Whipple alipendekeza kwamba chombo kivishwe ngozi nyembamba iliyoachana na ukuta wake. Kipande kinapoigonga ngozi hiyo kwa kasi inayozidi kilomita 7 hivi kwa sekunde, mawimbi ya mshtuko hupita ndani ya kipande na ndani ya bati kwa nguvu inayozidi uimara wa metali yoyote, vyote viwili huvunjika, huyeyuka, na kwa kasi kubwa zaidi hugeuka mvuke. Kinachotoka upande wa pili ni wingu la matone na chembe linalotanuka kadiri linavyosafiri. Likifika kwenye ukuta wa nyuma, nguvu iliyokuwa imekusanyika katika nukta moja imetawanyika juu ya eneo pana, na ukuta unapokea kama pigo la mchanga badala ya ncha ya msumari. Kwa maneno mengine, bati la mbele kazi yake ni kumvunja mgeni, wala halitakiwi kumzuia. Nafasi tupu ndiyo inayofanya kazi kubwa, nayo haina uzito.

Kwa makisio ya kwanza ya ngao ya alumini yenye mabati mawili, tumia kanuni zilizotokana na kazi ya Burton Cour-Palais na Eric Christiansen wa NASA. Bati la mbele liwe na unene wa takribani robo ya kipenyo cha kipande unachotaka kuzuia, kama vyote ni vya alumini. Nafasi ikizidi mara 30 ya kipenyo hicho, sehemu moja ya tano inatosha. Ukuta wa nyuma huongezeka kwa uwiano wa kasi, na hupungua kwa kipeuo cha pili cha nafasi, maana yake ukiongeza nafasi mara mbili unaokoa karibu asilimia 30 ya unene wake. Chukua gololi ya alumini ya milimita 5 inayogonga wima kwa kilomita 10 kwa sekunde, na nafasi ya sentimita 10. Bati la mbele linatoka milimita 1.25, na ukuta wa nyuma, kwa aloi ya alumini ya kawaida ya ndege, takribani milimita 3.5. Jumla haifiki milimita 5, sawa na kilo 13 kwa mita ya mraba. Ukuta mmoja usiotobolewa na gololi hiyohiyo ungehitaji unene wa zaidi ya sentimita 2, ambao ni kilo 60 hivi kwa mita ya mraba, na bado upande wake wa ndani ungeweza kubanduka vipande. Anayetaka kumshawishi msimamizi wa bajeti ya uzito aanze na tarakimu hizi.

Kuna mtego hapa ambao huwashangaza hata wenye uzoefu. Ngao ya aina hii haiwi dhaifu zaidi kwa kasi kubwa zaidi. Chini ya kilomita 3 kwa sekunde kipande hupita bati la mbele kikiwa kizima au karibu kizima, na ukuta wa nyuma hukipokea peke yake, kwa hiyo karibu na kasi hiyo ngao huzuia vipande vidogo kuliko inavyozuia kwenye kilomita 7. Kati ya 3 na 7 kipande huvunjika kwa viwango tofauti na ngao hupata nguvu, kisha juu ya 7 hatari hupanda tena taratibu. Pigo la mshazari nalo lina kasi ndogo ya kuelekea ukutani, na linaweza kuangukia katika eneo baya hata kama kasi yake kamili ni kubwa. Kwa hiyo kagua muundo wako kwenye kasi zote na pembe zote, usikague kwenye wastani peke yake. Na kwa setilaiti iliyo katika obiti ya mwinuko wa kilomita 36,000, ambako takataka hukutana kwa kasi ndogo, kwa kawaida chini ya kilomita 1 kwa sekunde, ngao ya Whipple dhidi ya takataka hizo ni pambo.

Dawa ya udhaifu huo ni kujaza sehemu ya nafasi. Katika maabara ya NASA huko Houston, Jeanne Lee Crews na Cour-Palais walionyesha kwamba tabaka kadhaa za kitambaa cha kauri kiitwacho Nextel, zikiachana, humshtua mgeni mara baada ya mara na kumsaga vizuri zaidi kuliko bati moja lenye uzito uleule, tena bila kuzaa vipande vipya vya metali. Kutokana na kazi hiyo zilipatikana ngao zilizoshindiliwa za Kituo cha Kimataifa: bati la nje la alumini la milimita 2 hivi, blanketi la Nextel na Kevlar katikati, na ukuta wa alumini wa karibu milimita 5 nyuma, vyote katika kina cha takribani sentimita 11, vikiwa na uwezo wa kuzuia gololi ya alumini ya zaidi kidogo ya sentimita 1. Nextel huwekwa upande wa nje ili ivunje, Kevlar upande wa ndani ili inase. Ukiupindua mpangilio huo unapoteza faida kubwa.

Jihadhari na paneli zenye kiini cha sega la nyuki, ambazo setilaiti nyingi hujengwa kwazo. Zinafanana na ngao ya mabati mawili, lakini vyumba vya sega hulibana wingu lisitanuke na kulipeleka kama maji katika bomba mpaka kwenye bati la nyuma. Hesabu paneli hiyo kama bati la mbele tu, na uweke sanduku la kifaa sentimita kadhaa nyuma yake, ili ukuta wa sanduku uwe ndio ukuta wa mwisho. Kiini cha povu la alumini hakina tatizo hilo la mabomba, ingawa ni kigumu zaidi kutengeneza.

Mablanketi ya kuzuia joto yanastahili kutazamwa upya pia, kwa kuwa yapo tayari na yanafunika karibu kila kitu. Setilaiti ya Canada RADARSAT, iliyorushwa mwaka 1995, iliongezewa tabaka za Nextel ndani ya mablanketi hayo ili kulinda nyaya na mabomba yaliyokuwa wazi. Mabomba ya kupozea ndiyo sehemu dhaifu ya vyombo vingi: Desemba 2022 tundu lisilofika milimita 1 katika kipoza-joto cha Soyuz MS-22 lilimwaga kimiminika chote cha kupozea, na chombo hicho kikarudi duniani bila abiria Machi 2023. Linda bomba kwa kulikunjia nyuma ya kitu kingine, gawanya mfumo kwa vali, na uwe na saketi ya pili. Paneli za sola, kwa upande mwingine, ziachwe wazi. Setilaiti ya Ulaya Sentinel-1A iligongwa kwenye paneli tarehe 23 Agosti 2016, eneo lenye kipenyo cha sentimita 40 likaharibika, nayo ikaendelea na kazi ikiwa imepoteza umeme kidogo tu. Kinachotakiwa ni kuunganisha seli kwa namna ambayo kamba moja ikikatika nyingine haziguswi.

Hakikisha ngao inafika angani. Skylab, kituo cha Marekani kilichorushwa tarehe 14 Mei 1973, kilipoteza ngao yake ya vimondo katika dakika ya pili ya safari, kwa sababu mgandamizo wa hewa chini ya ngao haukupata njia ya kutokea, na kuchanika kwa ngao kukasababisha bawa moja la sola lipotee. Kila nafasi tupu unayoacha iwe na matundu ya kupumulia wakati roketi inapopanda.

Baada ya hesabu, piga. Bunduki ya gesi nyepesi ya hatua mbili hulipua baruti ili kusukuma pistoni, pistoni hugandamiza hidrojeni, na hidrojeni hurusha gololi kwa kasi inayofika kilomita 7 au 8 kwa sekunde. Zipo katika kituo cha NASA cha White Sands huko New Mexico, katika taasisi ya Fraunhofer EMI mjini Freiburg, Ujerumani, na katika Chuo Kikuu cha Kent, Uingereza. Risasi moja ni ghali, kwa hiyo zitumie pale ambapo hesabu zina mashaka: kwenye kilomita 3, kwenye pembe za mshazari, na kwenye viungo ambako ngao inakatika kupisha skrubu au nyaya. Kasi zinazozidi uwezo wa bunduki huigizwa kwa kompyuta, baada ya programu kuthibitishwa kwa matokeo ya bunduki.

Timu za vyuo zinazotengeneza setilaiti ndogo, kama 1KUNS-PF ya Kenya iliyoachiliwa kutoka Kituo cha Kimataifa mwaka 2018, zenye mbavu za sentimita 10 tu, hazina nafasi ya ngao ya Whipple. Udogo wenyewe ni kinga, kwani eneo dogo hupunguza N, na mwinuko wa kilomita 400 hupunguza tena. Zinachoweza kufanya ni kuweka betri na kompyuta katikati ya mrundiko wa kadi za elektroniki, na kuacha milimita chache kati ya paneli za nje na kadi ya kwanza.

Chombo kikiwa kazini, fuata kalenda ya vimondo. Mvua ya vimondo ya Leonids huja kila Novemba kwa kasi ya kilomita 71 kwa sekunde, na mwaka 1998 darubini ya Hubble iligeuzwa mgongo ili kioo chake kisielekee inakotoka. Setilaiti ya ESA iitwayo Olympus ilipoteza mwelekeo Agosti 1993 wakati wa mvua ya Perseids na haikurudishwa kazini. Inadhaniwa kwamba pigo lilizalisha umeme ndani yake, kwa kuwa kipande chenye kasi kama hiyo hugeuka gesi yenye chaji. Siku za kilele, zima vifaa vyenye volti kubwa ambavyo havihitajiki, na uwe na watu zamu wanaojua amri za kurejesha mwelekeo. Badiliko lolote la ghafla la mzunguko, joto au umeme liandikwe saa na sekunde yake, na kamera ya kukagua mwili wa chombo, ambayo ilisaidia sana kuelewa pigo la Sentinel-1A, iwekwe tangu mwanzo. Kazi ikiisha, mwaga mafuta yaliyobaki, toa mgandamizo katika matangi na utenge betri na paneli, ili kipande kitakachoigonga setilaiti iliyokufa kisiikute ikiwa bomu.